Pesa za Matibabu: Zinakotoka, Zinakokutana, Zinakokwama

Serikali ya nchi inayoendelea ikitangaza bima ya afya kwa wote, ubishi wa siku hiyo huwa mmoja: makato. Mshahara utakatwa asilimia ngapi, asiye na mshahara atatozwa nini, na kwa nini sasa. Ni maswali ya haki kabisa. Ila humeza mjadala wote, kisha miaka miwili mitatu baadaye watu wanashangaa mbona mwenye kadi bado anaambiwa dawa akanunue nje. Makato ni kipande kimoja cha habari. Vimebaki viwili: pesa za nani zimewekwa mfuko mmoja na za nani, na hospitali inalipwaje ikishamtibu mtu. Kwa maoni yangu nchi nyingi hukwama kwenye hivyo viwili, ambavyo ni nadra kuvisikia jukwaani.

Ukubwa wa jambo lenyewe unajulikana. Ripoti ya pamoja ya Shirika la Afya Duniani (WHO) na Benki ya Dunia ya mwaka 2023 ilisema watu wapatao bilioni 2 wanaumizwa kifedha na gharama za matibabu, na kwamba watu wapatao bilioni 4.5, zaidi ya nusu ya dunia, hawapati huduma zote za msingi. Kipimo kilichotumika kwa miaka mingi ni hiki: kaya ikitumia zaidi ya asilimia 10 ya kipato au matumizi yake yote kwa matibabu, inahesabiwa kuwa imeelemewa. Kipimo hicho kina tundu kubwa. Mtu aliyebaki nyumbani na uvimbe wake kwa kuwa hana hata nauli ya kwenda hospitali, kwenye takwimu hizo anaonekana hana shida. Hakutumia kitu.

Pesa za afya, popote duniani, hutoka sehemu nne: mfukoni mwa mgonjwa, hazina ya serikali, michango ya bima, na wafadhili wa nje. Fuatilia tatu za kwanza hadi chanzo chake, utamkuta mtu yuleyule, mwananchi. Ama amelipa dirishani, ama amelipa kodi kwenye kila anachonunua, ama amelipa mchango. Bima haizai pesa. Inachobadilisha ni wakati wa kutoa, kwamba anatoa akiwa mzima badala ya siku anayougua, na inabadilisha anatoa pamoja na nani. Nigeria zaidi ya asilimia 70 ya matumizi yote ya afya hutoka mfukoni mwa wagonjwa moja kwa moja. WHO kwa miaka mingi imesema kwamba sehemu hiyo ikishuka chini ya asilimia 15 hadi 20, kaya zinazofilisika kwa ugonjwa huwa chache sana. Umbali kati ya 70 na 20 ndio safari yenyewe.

Enzi za ada

Kuna wakati malipo ya mfukoni yalifanywa sera. Miaka ya 1980 serikali nyingi zilikuwa zimezama kwenye madeni, na zahanati zilizojengwa kwa matumaini baada ya uhuru zilibaki na majengo bila dawa. Mwaka 1987 Benki ya Dunia ilitoa andiko la sera lililoshauri wagonjwa wachangie gharama. Mwaka huohuo mawaziri wa afya wa Afrika walikutana Bamako, Mali, pamoja na WHO na UNICEF, wakakubaliana kwamba dawa muhimu ziuzwe kwa faida kidogo, faida inunue dawa nyingine, na wananchi wenyewe wasimamie fedha za kituo chao. Ukiusoma mpango wa Bamako leo, si wa kipuuzi hata kidogo. Penye dawa kweli, wapo waliokuwa radhi kulipa kidogo kuliko kutembea bure kwenda kwenye rafu tupu.

Aliyesahaulika ni asiye na hicho kidogo. Karibu kila sera ya kuchangia gharama ilikuwa na kifungu cha msamaha kwa wasiojiweza. Sasa nani athibitishe kuwa huyu hajiwezi? Mara nyingi ilitakiwa barua ya kiongozi wa eneo, na mama aliyefika na mtoto anayechemka kwa homa aliambiwa arudi akaifuate. Tena kituo kilichotegemea ada hizohizo kununua dawa kilijua kwamba kila msamaha ni hasara yake, maana hakuna aliyekirudishia ile pesa. Misamaha ikabaki kwenye waraka. Mwaka 2006 Human Rights Watch ilieleza jinsi hospitali za Burundi zilivyokuwa zikiwazuilia wagonjwa walioshindwa kulipa bili, wakiwemo akina mama waliojifungua kwa upasuaji. Mwaka huohuo serikali ya nchi hiyo iliondoa malipo kwa wajawazito wanaojifungua na kwa watoto wa chini ya miaka mitano.

Afrika Kusini ilikuwa imetangulia, 1994, kwa wajawazito na watoto wa chini ya miaka sita. Uganda ilifuta ada katika vituo vya serikali Machi 2001, na ndiyo inayonivutia zaidi, kwa kuwa kila upande wa ubishi huitumia kujitetea. Watu walimiminika vituoni, hasa maskini, hilo halibishaniwi. Lakini watafiti walipofuatilia matumizi ya kaya, waligundua kwamba kwa maskini idadi ya waliolemewa na gharama haikupungua kama ilivyotarajiwa. Kisa ni dawa. Mahitaji yalipanda ghafla, dawa zikaisha, na mgonjwa aliyepimwa bila malipo akatumwa duka la dawa na cheti mkononi. Ada iliondoka dirishani ikahamia ng'ambo ya barabara.

Kwa hiyo anayesema "tutoe bure" bila kutaja nani atanunua dawa amesema nusu. Anayesema "walipe bima" bila kutaja nani atamlipia asiye nacho, naye kasema nusu ileile.

Kwa nini bima ya hiari haisimami

Bima ya afya ya lazima tunayoijua ilianzia Ujerumani mwaka 1883, chini ya Otto von Bismarck. Mfumo wake ni mwepesi kuueleza: mfanyakazi anakatwa, mwajiri anachangia, mfuko unalipa. Ulifaa kwa sababu viwanda vilikuwa vimewakusanya watu kwenye orodha za mishahara. Kukata pesa ambayo mtu hajaishika ni rahisi kuliko kumfuata nyumbani. Afrika ya leo, kwa hesabu za Shirika la Kazi Duniani, zaidi ya asilimia 80 ya ajira haziko rasmi. Hakuna orodha ya mishahara ya kukata. Mkulima anashika pesa mara moja au mbili kwa mwaka, kibarua anashika leo na kesho hana.

Njia ya kwanza iliyojaribiwa ni kuwaomba watu hao wajiunge kwa hiari. Tanzania ilianza na Mfuko wa Afya ya Jamii wilayani Igunga mwaka 1996, ikautungia sheria mwaka 2001. Nchi kadhaa za Afrika Magharibi zilikuwa na vyama vya afya vya wanakijiji vya namna hiyo. Karibu kote wanachama walibaki wachache, na haikuwa kwa sababu watu hawakuelimishwa vya kutosha, ingawa hayo ndiyo maelezo ambayo warsha huyapenda. Sababu kubwa ni hesabu tu.

Chukua watu 1,000. Kwa mwaka, 50 kati yao wataugua kiasi cha kulazwa, na kila mmoja atagharimu vipande 200 vya fedha yoyote unayotaka. Jumla ni 10,000. Wote wakichangia, kila mtu atoe 10. Sasa ifanye iwe hiari. Vijana wazima 400 wanajiangalia, wanaona hawajaugua miaka mitano, wanaacha. Wagonjwa hawajapungua, ni walewale 50, maana mwenye kisukari haachi. Zile 10,000 sasa zinagawanywa kwa watu 600, karibu 17 kila mmoja. Kwa 17 wanaondoka wengine 250 ambao afya zao ni za wastani. Waliobaki 350 wanatakiwa kutoa zaidi ya 28. Hapo mfuko una njia mbili: upandishe mchango ubaki na wagonjwa watupu, au uache mchango palepale na upunguze mafao hadi kadi isiwe na maana. Mifuko mingi ya hiari imepita njia ya pili. Mchango mdogo, dawa hakuna, mwanachama anaacha, na ripoti inaandika "mwitikio hafifu wa jamii".

Ndiyo maana sheria za karibuni zinasema lazima. Nigeria ilipitisha sheria ya kuifanya bima kuwa ya lazima mwaka 2022, Tanzania ilipitisha ya bima ya afya kwa wote mwaka 2023, na Kenya mwaka huohuo ikafuta mfuko wa NHIF uliokuwepo tangu 1966, mfumo mpya ukaanza Oktoba 2024. Kenya inafaa kutazamwa kwa karibu. Mwenye mshahara anakatwa asilimia 2.75 ya mshahara wote kabla ya makato mengine. Asiye na mshahara anajibu maswali kuhusu maisha yake, nyumba anayoishi, maji anayotumia, mali aliyo nayo, kisha mtambo unakadiria kipato na kumpangia mchango, usiopungua shilingi 300 kwa mwezi. Mfumo ulipoanza, huo ulitakiwa ulipwe wa mwaka mzima kwa mkupuo. Fikiria mtu anayepata kwa siku akiambiwa atoe ya miezi kumi na miwili kabla hajaona daktari. Waliojisajili ni mamilioni mengi. Wanaolipa, ukiwatoa wenye mishahara, ni sehemu ndogo yao. Sheria inasema lazima, lakini hakuna polisi wala mahakama inayoweza kukusanya mchango kwa mtu ambaye serikali haijui jana alipata nini. Bima ya lazima bila njia ya kukusanya ni ya hiari iliyobadilishiwa jina.

Nchi zilizovuka hapo zilifanya jambo moja kwa sura tofauti: ziliingiza kodi kwenye mfuko. Ghana ilipotunga sheria yake mwaka 2003 iliweka tozo ya asilimia 2.5 kwenye bidhaa na huduma, na hiyo ndiyo imekuwa ikibeba sehemu kubwa ya mfuko, kuliko michango ya wanachama kwa mbali. Gabon ilizitoza kampuni za simu asilimia 10 ya mapato yao. Ufilipino ilipandisha kodi ya sigara na pombe mwaka 2012 na kutumia pesa hizo kuwalipia maskini bima. Rwanda, ambayo husifiwa kwa michango ya wananchi, ilianza majaribio 1999 ikaeneza mfumo wake wa mituweli, yaani bima za jamii, nchi nzima katikati ya miaka ya 2000. Kuanzia 2011 iligawa michango kwa uwezo: wenye nacho faranga 7,000 kwa mtu, wa kati 3,000, na maskini kabisa 2,000 walizolipiwa na serikali pamoja na wafadhili. Usimamizi wa karibu hadi ngazi ya kijiji ulisaidia sana, na ni vigumu kuuiga pasipo na utawala wa namna ile. Lakini hata huko mchango wa mwananchi peke yake haukutosha kuendesha mfumo.

Mfuko mmoja au vijifuko

Pesa zikishapatikana, swali linalofuata ni la kisiasa zaidi kuliko la kitabibu: nani atachanganya yake na nani. Watumishi wa serikali huwa wa kwanza kupata bima, kwa kuwa makato yao ni rahisi na sauti yao ina nguvu. Wanapata mfuko wao, wenye mafao mazuri. Kampuni kubwa zinaenda kwa bima binafsi. Wakulima wanaundiwa mfuko wa tatu, wa watu maskini wenye maradhi mengi na michango midogo, kisha tunashangaa unafilisika. Hesabu ile ya watu 1,000 inajirudia hapa kwa ngazi ya taifa.

Afrika Kusini inaonyesha picha hiyo wazi kuliko kwingine. Karibu asilimia 16 ya wananchi wako kwenye bima binafsi, na huduma za kundi hilo hula karibu nusu ya matumizi yote ya afya ya nchi. Waliobaki, zaidi ya watu wanane kati ya kumi, wanagawana nusu nyingine kwenye hospitali za umma. Mei 2024 Rais Cyril Ramaphosa alitia saini sheria ya kuunda mfuko mmoja wa taifa, na kesi za kuipinga zikafuata mara moja. Si ajabu. Aliyezoea foleni ya watu watano hatakubali kirahisi kuingia ya watu mia mbili, hata ukimwonyesha kwamba daktari wake anasomeshwa kwa kodi ya hao mia mbili.

Thailand haikuunganisha kila kitu. Mwaka 2001, baada ya chama cha Thaksin Shinawatra kushinda uchaguzi kwa ahadi ya matibabu kwa baht 30 kila ziara, waliacha mfuko wa watumishi wa serikali na ule wa wafanyakazi wa kampuni vilevile. Walichofanya ni kuchukua mpango wa zamani wa kadi za maskini, bima ya hiari ya vijijini iliyokuwa ikisuasua, na mamilioni ya watu wasio na chochote, wakawaweka wote mfuko mmoja unaolipwa na kodi. Hawakuwadai mchango. Daktari Sanguan Nitayarumphong na wenzake wa wizara ya afya walikuwa wamepiga hesabu hizo miaka mingi kabla mwanasiasa hajazihitaji. Na jambo linalosahaulika: tangu miaka ya 1970 nchi hiyo ilikuwa ikijenga hospitali za wilaya na kuwalazimisha madaktari wapya kufanya kazi vijijini. Kadi ilipokuja, ilikuta daktari yupo.

Dirisha la madai

Kipande cha tatu ndicho kinachomgusa mgonjwa moja kwa moja, ingawa hukioni. Tuseme mtu mwenye kadi amelazwa siku tatu kwa nimonia. Karani anahakiki kadi, mtandao ukiwepo. Daktari anaandika dawa, lakini aliyoona inafaa haiko kwenye orodha ya mfuko, au ipo kwa dozi nyingine. Mgonjwa anapona, anatia sahihi, anaondoka. Karatasi zake ndiyo kwanza zinaanza safari. Zinahitaji namba ya ugonjwa, namba ya dawa, sahihi ya daktari, mhuri. Mwisho wa mwezi zinakusanywa na kutumwa pamoja na mamia ya nyingine. Mkaguzi wa mfuko anakata hii kwa kukosa sahihi, ile kwa kuwa siku za kulazwa zimezidi. Kilichobaki kinalipwa baada ya miezi, kwa bei iliyopangwa miaka kadhaa nyuma. Wakati huo msambazaji wa dawa anataka pesa yake taslimu.

Hospitali iliyo kwenye hali hiyo itafanya nini? Itamwomba mwenye kadi ajazie kidogo. Au itamwandikia dawa akanunue nje. Au itaweka foleni mbili, na ya wenye pesa mkononi itakwenda haraka. Yote matatu yameshuhudiwa Ghana, ambako malipo ya mfuko kwa hospitali yamekuwa yakichelewa kwa miezi. Watu humlaumu muuguzi. Muuguzi hajapanga lolote kati ya hayo.

Halafu kuna upande wa pili. China ilianzisha bima mpya ya wakulima mwaka 2003: katika mikoa maskini mkulima alitoa yuan 10, serikali ya mkoa 10, serikali kuu 10. Watu walijiunga kwa mamia ya mamilioni. Lakini hospitali zililipwa kwa kila kipimo na kila dawa, na sehemu ya kipato chake ilitokana na kuuza dawa. Tafiti za miaka ya mwanzo zilionyesha watu walitibiwa zaidi huku wanachotoa mfukoni hakipungui. Nafuu iliyoletwa na bima iliishia kwenye vipimo vya ziada. Sisemi madaktari ni wezi. Mlipe fundi yeyote kwa kila msumari, ataona misumari mingi inahitajika.

Dawa ya hilo ni kulipa kwa njia nyingine, na kila njia ina maradhi yake. Ukilipa kituo kiasi kimoja kwa kila mtu aliyejiandikisha kwake, augue asiugue, kitajali kinga na kubana matumizi, na huenda kikabana hadi kumtelekeza mgonjwa. Ukilipa kwa aina ya ugonjwa, nimonia bei yake na upasuaji wa uzazi bei yake, nimonia nyepesi zitaanza kuandikwa kali. Thailand ilichanganya: kiasi kwa kila mtu kwa wagonjwa wa nje, bei kwa aina ya ugonjwa kwa wanaolazwa, na juu ya yote bajeti yenye ukomo. Mwaka 2002 ilianza na baht 1,202 kwa kila mwanachama kwa mwaka. Ghana ilijaribu malipo ya kila kichwa katika eneo la Ashanti mwaka 2012. Hospitali zilipinga, siasa zikaingia, na mwaka 2017 mpango ukasimamishwa. Kubadilisha namna hospitali inavyolipwa ni kugusa mapato ya watu waliopangika vizuri, na ndiyo maana wanasiasa hupenda zaidi kuzindua kadi.

Kitita na figo

Kitita cha mafao, yaani orodha ya huduma ambazo bima inazilipia, ndipo ahadi hukutana na hesabu. Serikali hupenda kutangaza matibabu makubwa, kwa kuwa yanapigwa picha vizuri. India mwaka 2018 ilianzisha mpango wa PM-JAY unaolipia hadi rupia 500,000 kwa familia kwa mwaka, kwa kulazwa hospitalini. Ni pesa nyingi, na umeokoa familia. Ila sehemu kubwa ya kinachozitoka kaya za India ni dawa na ziara za kawaida bila kulazwa, vidonge vya presha na kisukari vya kila mwezi, na hivyo mpango huo haukuviingiza. Mtu anaweza kukosa dawa ya presha ya bei ndogo hadi apate kiharusi, ndipo bima imfungulie mlango.

Usafishaji wa figo ni mtihani mgumu zaidi. Mgonjwa akikosa anakufa. Akipata, anahitaji maisha yake yote, na gharama ya mmoja ingewatibu wengi wa malaria. Thailand mwaka 2002 iliuacha nje ya kitita, waziwazi, kwa sababu ya pesa. Wagonjwa walipigania, na mwaka 2008 ukaingizwa kwa sharti kwamba wengi waanze na ule unaofanywa nyumbani kupitia tumbo, usiohitaji mashine wala safari za hospitali mara kadhaa kwa wiki. Mwaka 2022 sharti likaondolewa, mgonjwa akachagua mwenyewe; wengi walikimbilia mashine na bili ikapanda haraka. Unaweza kuuona uamuzi wa 2002 kuwa wa kikatili. Mimi naona ulikuwa mkweli kuliko kitita kinachoorodhesha kila kitu kwenye gazeti la serikali huku mashine ikiwa moja, mbovu, mji mkuu.

Wafadhili wanapoondoka

Hadi hapa nimeacha chanzo cha nne cha pesa, wafadhili wa nje, pembeni. Tangu Gavi, ubia wa kimataifa wa chanjo, ya 2000, Mfuko wa Dunia wa kupambana na UKIMWI, kifua kikuu na malaria wa 2002 na PEPFAR, mpango wa UKIMWI wa Marekani, ya 2003, chanjo na dawa za VVU, kifua kikuu na malaria katika nchi nyingi zililipwa nje ya mifuko ya bima. Kwa hiyo wapangaji waliandaa bima kana kwamba magonjwa hayo hayana gharama. Mwaka 2025 Marekani ilikata misaada kwa ghafla na shughuli za USAID, shirika lake la misaada, zikafungwa, na wizara nyingi zikaanza kuuliza kama dawa za VVU ziingie kwenye kitita.

Nadhani hapo kuna kosa linalonyemelea. Bima hufaa kwa lisilojulikana: nani atavunjika mguu mwaka huu. Dawa ya VVU inajulikana nani anaihitaji, kiasi gani, kila siku. Chanjo vivyo hivyo. Kuviweka kwenye mfuko wa michango, bila hazina kuongeza ruzuku, ni kuwatwisha wenye mishahara wachache kazi iliyokuwa ya kodi ya nchi nzima. Viongozi wa Afrika waliahidi Abuja mwaka 2001 kutenga asilimia 15 ya bajeti kwa afya, na waliofikia ni wa kuhesabu.

Sehemu yake ni utashi, na sehemu ni ufinyu wa kapu. Mwaka 2014 kikundi cha wataalamu kilichoitishwa na Chatham House, taasisi ya utafiti ya London, kilikadiria kwamba huduma za msingi zinahitaji dola 86 kwa kila mtu kwa mwaka. Serikali za nchi za kipato cha chini, kwa wastani, hutumia chini ya dola 20. Hakuna kiwango cha mchango wa mkulima kitakachoziba pengo hilo. Wakati huohuo Umoja wa Mataifa ulihesabu mwaka 2024 kwamba watu bilioni 3.3 wanaishi katika nchi zinazolipa riba ya madeni zaidi ya zinavyotumia kwa afya au kwa elimu. Kwa nchi hizo, dawa za zahanati huamuliwa kwa sehemu kubwa kwenye mazungumzo kati ya waziri wa fedha na wakopeshaji, kabla muswada wa bima haujafika bungeni.